Mshenga na Msimulizi: Mapenzi ya Ndoa ya Kupangwa katika Sinema Bubu ya Japani na Usomaji Wake kutoka Kibuli

Ikisiri

Makala hii inahakiki namna sinema bubu ya Japani ilivyoonyesha mapenzi yanayochipuka ndani ya ndoa zilizopangwa au kusimamiwa na watu wengine. Filamu tatu zinachambuliwa: Tokyo no kōrasu (1931) na Dekigokoro (1933) za Ozu Yasujirō, na Kagirinaki hodō (1934) ya Naruse Mikio. Hoja yetu ni kwamba sinema bubu huyaweka mapenzi katika matendo na kuyaacha bila maneno, na kwa sababu hiyo humpa msimulizi wa ukumbini uwezo mkubwa wa kuamua iwapo ukimya wa mwanamke ni pendo, ridhaa au uvumilivu tu. Uwezo huo unafanana na ule wa mshenga katika posa. Kwa kuzisoma filamu hizi kutoka Kibuli, Kampala, mahali ambapo msimulizi wa filamu bado anafanya kazi na ambapo ukimya wa mwali bado una uzito wa kisheria, makala inapendekeza kwamba wahakiki na washauri wa sera wautenganishe ukimya na tafsiri yake.

Maneno msingi: sinema bubu, mshenga, msimulizi wa filamu, ridhaa, ndoa ya kupangwa, Kibuli

1. Utangulizi

Kibuli ni mojawapo ya vilima vya Kampala. Msikiti uliojengwa kileleni mwake, juu ya ardhi iliyotolewa na Mwanamfalme Badru Kakungulu, umekifanya kilima hicho kuwa kitovu cha Uislamu wa Uganda tangu katikati ya karne iliyopita. Kilima hichohicho kina nafasi katika historia ya Kiswahili nchini humo, kwa kuwa ndiko kulikojengwa chuo cha mafunzo ya polisi, na polisi pamoja na jeshi ndivyo vyombo vilivyoendelea kukitumia Kiswahili wakati shule nyingi zilikuwa hazikifundishi. Ukiteremka kuelekea bonde la Namuwongo unaingia katika mitaa ya watu wa kipato cha chini, ambako, kama katika mitaa mingine ya Kampala, kibanda cha video kimekuwa ndicho jumba la sinema la wananchi.

Katika eneo hilo dogo mtu hukutana na wasemaji wa aina tatu. Wa kwanza ni walii, ambaye katika nikaha hutamka kwa niaba ya bibi arusi. Wa pili ni yule ambaye Waganda humwita omwogezi, yaani msemaji anayewakilisha ukoo katika sherehe ya utambulisho iitwayo kwanjula. Wa tatu ni msimulizi wa filamu, maarufu kwa jina la VJ, ambaye huitafsiri filamu ya kigeni kwa Luganda huku akiwasemea wahusika wote, wanaume kwa wanawake. Kila mmoja wao amesimama mbele ya mtu asiyesema, au asiyesikika, na amepewa idhini ya kusema kwa niaba yake.

Makala hii inaanzia katika ulinganifu huo. Swali letu ni hili: pale hadithi inaposema kwamba mapenzi yamekua ndani ya ndoa ambayo wahusika hawakujichagulia, tunajuaje kwamba ni mapenzi? Tumechagua kulijibu kupitia sinema bubu ya Japani kwa sababu mbili. Kwanza, ndoa ya kupangwa ilikuwa njia iliyozoeleka katika jamii iliyozaa sinema hiyo. Pili, sinema hiyo haikutazamwa kimyakimya, kwani ilikuwa na msimulizi wake, benshi, aliyekaa kando ya pazia na kuupa kila uso maneno. Kwa hiyo inatupa fursa ya kuvitazama vitu viwili kwa pamoja: mapenzi yasiyosema, na sauti inayoyasemea.

Kazi hii ni uhakiki wa filamu, si ripoti ya utafiti wa uwandani. Tunayoyasema kuhusu Kampala yanahusu taratibu na taasisi zinazojulikana hadharani. Hatudai kuzieleza nyoyo za wanandoa wa Kibuli.

2. Mshenga na msimulizi: istilahi na mkabala

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kuelezwa mshenga ni nani. Hubeba posa, hupokea jibu, huyalainisha maneno magumu njiani, na aibu ya kukataliwa humwangukia yeye kabla ya kumfikia mposaji. Kwa Wajapani mtu huyo huitwa nakōdo, na kikao rasmi anachokiandaa ili wawili waonane huitwa omiai. Kwa Waganda shughuli hiyo imegawanywa: ssenga, yaani shangazi wa upande wa baba, humwandaa binti na kumwakilisha, na omwogezi husema mbele ya watu. Sauti ya neno ssenga inakaribiana na ya mshenga, lakini ukaribu wa sauti peke yake hauthibitishi undugu wa maneno. Ulinganifu tunaoutegemea ni wa kazi wanazozifanya.

Tofauti moja haina budi kutajwa mapema. Katika kwanjula nyingi za leo mjini Kampala, wachumba wamekwisha kuchaguana. Sherehe huigiza ndoa ya kupangwa baada ya mapenzi kuwapo: bwana arusi hukaa kimya kati ya watu wake hadi atambuliwe hadharani, huku wasemaji wa pande mbili wakishindana kwa ufasaha kana kwamba jambo ndiyo kwanza linajadiliwa. Katika omiai mpangilio ulikuwa kinyume: mpango ulitangulia, na mapenzi yalitarajiwa kufuata. Hata hivyo, katika mifumo yote miwili wakati mzito wa maamuzi hukabidhiwa ulimi wa mtu mwingine.

Kwa upande wa nadharia tunatumia jozi ya dhana ambayo wahakiki wa fasihi simulizi ya Kiswahili wameizoea, yaani fanani na hadhira. Sinema bubu yenye msimulizi ni utendaji. Picha ni ileile kila usiku, lakini fanani hubadilika, na hadhira hubadilika, na kwa hiyo maana nayo hubadilika. Mhakiki anayeisoma picha peke yake ameusoma utenzi bila kuusikia ukighaniwa.

3. Sheria ya familia na ukumbi wa sinema nchini Japani

Kanuni ya Kiraia ya Japani iliyoanza kutumika mwaka 1898 iliiweka ndoa chini ya mamlaka ya nyumba. Idhini ya mkuu wa familia ilihitajika, na mwanamume aliye chini ya miaka 30 au mwanamke aliye chini ya miaka 25 hakuweza kuoa au kuolewa bila ridhaa ya wazazi. Hali hiyo ilibadilishwa na Katiba iliyoanza kutumika mwaka 1947, ambayo kifungu chake cha 24 kinaisimamisha ndoa juu ya ridhaa ya wawili tu. Filamu tunazozihakiki zilitengenezwa katikati ya nyakati hizo mbili, wakati vijana wa miji walikuwa tayari wakizungumza juu ya mapenzi ya kujichagulia lakini sheria ikiendelea kuzungumza juu ya ukoo.

Ukumbi wa sinema nao ulikuwa chini ya uangalizi. Kanuni za maonyesho ya sinema zilizotolewa na polisi wa Tokyo mwaka 1917 ziliwataka benshi wawe na leseni, na ziliwatenganisha wanaume na wanawake katika viti. Jambo la leseni lina uzito kwetu. Dola ilitambua mapema kwamba kuikagua filamu hakutoshi, kwa kuwa mtu aliyesimama kando ya pazia angeweza kuifanya picha isiyo na kosa iseme la hatari, au picha ya hatari iseme la adabu. Filamu za mapenzi, kwa hiyo, zilitazamwa na hadhira iliyotengwa kijinsia, chini ya sauti iliyokuwa na kibali cha polisi, na mara nyingi sauti hiyo ilikuwa ya mwanamume. Benshi wanawake walikuwapo, lakini walikuwa wachache.

Sehemu kubwa ya sinema bubu ya Japani imepotea, kwa tetemeko la Kantō la mwaka 1923, kwa vita, na kwa kutotunzwa. Tunachokihakiki ni mabaki. Lakini ni mabaki yenye thamani, kwa kuwa Japani iliendelea kutengeneza filamu bubu hadi katikati ya miaka ya 1930, wakati ambapo Marekani ilikwisha kuhamia katika filamu za sauti. Umaarufu na nguvu za benshi ni miongoni mwa sababu za kuchelewa huko.

4. Uchambuzi wa filamu

4.1 Droo tupu: Tokyo no kōrasu

Filamu ya Ozu ya mwaka 1931, ambayo jina lake tunaweza kulitafsiri kuwa Kwaya ya Tokyo, inamhusu Okajima, karani wa kampuni ya bima anayefukuzwa kazi baada ya kumtetea mfanyakazi mwenzake mzee. Filamu haisemi jinsi Okajima na mkewe walivyooana. Haikuona haja, kwa sababu mtazamaji wa wakati ule alijua njia ya kawaida. Kwa hiyo hatuwezi kuiita hadithi ya ndoa ya kupangwa. Tunaiweka kwanza kwa sababu inatufundisha jinsi sinema bubu inavyoyaonyesha mapenzi yaliyomo ndani ya ndoa ambayo chanzo chake hakisimuliwi.

Binti yao anaugua na kulazwa hospitalini. Anapopona na kurudi nyumbani, mke anafungua droo ya nguo na kukuta haina kitu. Mume ameuza kimono zake ili kulipa gharama za matibabu. Anamwuliza, naye anamjibu kwamba nguo hizo ndizo zilizompa mtoto uzima. Kisha familia nzima inakaa chini na kucheza mchezo wa kupigana viganja. Wakati mikono inaendelea kupiga, kamera inatuonyesha macho ya mke: anamtazama mume kwa uchungu, machozi yakimlengalenga, halafu polepole, kwa ajili ya watoto, kisha kwa ajili ya mume, uso unafunguka na kuwa tabasamu.

Hakuna neno la mapenzi lililotamkwa. Kilichopo ni mdundo wa viganja usiosikika na mabadiliko ya uso ambayo hayakatizwi na maelezo. Hapa ndipo nguvu ya sinema bubu ilipo, na hapa ndipo pia tatizo letu linapoanzia. Uso ule unaweza kusomwa kwa namna mbili. Msomaji wa kwanza atasema kwamba mke amesamehe kwa kuwa anampenda mumewe. Wa pili atasema kwamba amemeza, kwa kuwa mali yake imeuzwa bila yeye kuulizwa na sasa anatakiwa kucheka mbele ya watoto. Picha inazibeba tafsiri zote mbili, na uaminifu wake uko katika kuzibeba zote mbili. Benshi, kwa upande wake, hakuwa na anasa hiyo. Alitakiwa kusema kitu, na sentensi moja yake ilitosha kuigeuza subira kuwa pendo.

4.2 Mshenga anayempenda aliyemposea: Dekigokoro

Katika Dekigokoro, yaani tamaa ya kupita, mshenga mwenyewe ndiye shujaa. Kihachi ni mjane wa makamo, mfanyakazi wa kiwandani, asiyejua kusoma vizuri, anayemlea mwanawe Tomio. Anakutana na Harue, msichana asiye na kwao, na kumpeleka kwa Otome, mwenye mgahawa, apate hifadhi na kazi. Kihachi anampenda. Siku moja Otome anamwita na kuanza kuzungumzia ndoa ya msichana huyo, na Kihachi anadhani anazungumziwa yeye. Ndipo anapoelewa kwamba anaombwa kuwa mshenga: aende akamshawishi rafiki yake kijana, Jiro, amwoe Harue.

Anakubali na kwenda. Jiro anakataa kwa ukali, kwa kuwa tangu mwanzo amemshuku msichana huyo na kumwonyesha dharau. Baadaye Tomio anaugua baada ya kula vitamu kupita kiasi, kwa fedha ambazo baba yake alimpa kwa kumhurumia. Fedha za daktari hazipo. Harue anajitolea kuzitafuta, na filamu inadokeza bila kutamka kwamba anachokusudia kukiuza ni mwili wake. Jiro anamzuia. Anakopa kwa kinyozi, na ili kulilipa deni anajiandikisha kwenda kufanya kazi Hokkaido. Katika kuagana ndipo mapenzi yake kwa Harue yanapodhihirika. Kihachi hamwachi aende; anashika nafasi yake, anapanda meli, kisha anamkumbuka mwanawe, anajitupa majini na kuogelea kurudi pwani.

Mambo mawili yanastahili kuzingatiwa. La kwanza ni kwamba posa iliyobebwa kwa maneno ilishindwa. Jiro hakushawishiwa na hoja za mshenga. Kilichombadilisha ni kumwona Harue akiwa tayari kujitoa kwa ajili ya mtoto asiye wake, na yeye mwenyewe kujikuta tayari kujitoa badala yake. Ozu anaonyesha kwamba mpango wa wakubwa unaweza kufungua mlango, lakini mtu huuingia kwa miguu yake.

La pili ni mandhari ya kufungulia. Filamu inaanza ndani ya ukumbi wa mtaani ambako msanii wa naniwabushi, usimulizi wa kale unaoambatana na muziki, anatumbuiza watu waliojibanza kwenye mikeka. Tunamwona akifumbua kinywa na hatumsikii. Filamu bubu inafunguka kwa kumwonyesha fanani asiye na sauti, huku katika ukumbi halisi fanani mwingine, benshi, akiitoa sauti hiyo. Ozu hakuhitaji kuieleza picha hiyo. Lakini kwa hadithi ambayo kiini chake ni mtu anayetumwa kuyasema mapenzi ya wengine huku yake yakikosa pa kusemewa, mwanzo huo unafaa mno.

4.3 Mwanamke anaposema: Kagirinaki hodō

Filamu ya mwisho ya Naruse bila sauti, iliyotoka mwaka 1934, inatupa mfano wa kinyume. Sugiko ni mhudumu wa mkahawa mtaani Ginza. Mchumba wake anasukumwa na familia yake kuoa mke aliyechaguliwa, na kabla hawajakubaliana la kufanya, Sugiko anagongwa na gari. Dereva ni Hiroshi, kijana wa familia tajiri. Wawili wanazoeana na kuoana. Ndoa hii haikupangwa na wakubwa; ni ya kuchaguana. Lakini nyumba haikuiridhia. Mama mkwe na wifi wanamdharau Sugiko kwa asili yake, na Hiroshi, anayempenda, hana uti wa mgongo wa kumtetea. Sugiko anaondoka. Hiroshi anaanguka na gari akiwa katika hali ya kukata tamaa, na mkewe anaitwa hospitalini.

Kando ya kitanda hicho Sugiko anasema. Kwa vibao vya maandishi anamwambia mama mkwe kwamba kilichopendwa katika nyumba ile ni jina la ukoo, wala si watu waliomo, kisha anaondoka. Katika sinema ambayo imetuzoeza kuwasoma wanawake kupitia macho na mikono, hapa mwanamke ameyaweka maneno yake mwenyewe juu ya pazia. Benshi aliweza kuyasoma kwa sauti ya ukali au ya huruma, lakini hakuweza kuyabadilisha bila kila ajuaye kusoma kumwona.

Tukiziweka filamu tatu pamoja, hatupati kanuni nyepesi kwamba ndoa ya kupangwa huua mapenzi na ya kuchaguana huyazaa. Kwa Ozu, posa ya mshenga inaishia katika pendo la kweli. Kwa Naruse, ndoa ya kuchaguana inavunjwa na ukoo ulioikataa. Kinachotofautisha mapenzi na uvumilivu katika filamu zote ni iwapo mwanamke ana nafasi ya kutenda, yaani kukataa, kuondoka, au kujitoa kwa hiari. Harue anayo na anaitumia. Sugiko anaipata kwa gharama kubwa. Mke wa Okajima tunabaki hatujui, na kutojua huko ni sehemu ya ukweli wa filamu.

5. Msimulizi wa Afrika Mashariki

Ingekuwa kosa kuichukulia sinema yenye msimulizi kuwa ajabu ya Japani. Afrika Mashariki ilikutana na filamu ya mafunzo katika sura hiyohiyo. Kati ya 1935 na 1937 mradi uliojulikana kama Bantu Educational Kinema Experiment, wenye makao Vugiri katika milima ya Usambara, ulitengeneza filamu ambazo maelezo yake yalitolewa kwa sahani za santuri katika lugha kadhaa za eneo hili, Kiswahili kikiwamo, na kuzionyesha Tanganyika, Kenya, Uganda na kwingineko. Kuanzia 1939 kitengo cha filamu cha dola ya Uingereza kilituma magari ya sinema vijijini, na pamoja na gari alikuwapo msemaji wa kuieleza picha kwa lugha ya wenyeji. Picha ilikuwa ya mkoloni, lakini kilichosikika kilipita katika kinywa cha mtu ambaye hadhira ilimwelewa.

Urithi huo haukukatika. Nchini Tanzania, marehemu Lufufu alijipatia jina kwa kuzisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili. Nchini Kenya DJ Afro amefanya vivyo hivyo kwa lugha ya mtaani. Nchini Uganda VJ Jingo na wenziwe wameufanya usimulizi kuwa biashara na sanaa, na katika Who Killed Captain Alex? (2010), filamu iliyotengenezwa Wakaliga na Isaac Nabwana, sauti ya VJ Emmie ni sehemu ya filamu yenyewe.

Katika filamu ya mapigano msimulizi huongeza utani na joto. Katika filamu ya mapenzi wajibu wake ni mzito zaidi. Mwanahistoria Laura Fair ameonyesha, katika maandishi yake kuhusu watazamaji wa Zanzibar, jinsi filamu ya Kihindi Awara (1951) ilivyowapa vijana wa huko lugha ya kujadili mvutano kati ya chaguo la moyo na chaguo la wazazi. Wengi wao hawakuijua lugha ya filamu hiyo. Waliijaza wenyewe kwa mazungumzo. Katika kibanda, kazi hiyo ya kujaza hufanywa na mtu mmoja mwenye maikrofoni. Bibi arusi wa filamu anapoinamisha kichwa mbele ya mume asiyemjua, msimulizi anaweza kusema kwamba anaona haya, au kwamba anaogopa, au kwamba ameshaanza kupenda. Watazamaji wa kibanda watatoka na bibi arusi aliyetengenezwa na sentensi hiyo.

6. Ukimya na ridhaa

Tunarejea kileleni. Katika mafundisho ya fiqhi, mwanamwali anapoulizwa na walii wake kuhusu posa, ukimya wake umechukuliwa kuwa alama ya ridhaa, ilhali mwanamke aliyewahi kuolewa hutakiwa kutamka. Mafundisho hayo yana hekima yake: yalilenga kuistahi haya ya msichana asiyeweza kutamka neno la kutaka mume mbele ya baba. Aidha, msingi wake ni kwamba ameulizwa. Wanafiqhi wa kale waliijua hatari ya kuukadiria ukimya, ndiyo maana walijadili kwa kina maana ya kicheko na maana ya kilio cha mwali aulizwapo, na hawakuafikiana kila mara. Walikuwa wakifanya, kwa namna yao, kazi ileile ya mhakiki wa sinema bubu: kuusoma uso pale ambapo hakuna neno.

Sheria ya nchi inataka jambo lililo wazi zaidi. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, katika ibara ya 31, inaweka umri wa miaka 18 na kutamka kwamba ndoa ifungwe kwa ridhaa huru ya mwanamume na mwanamke. Mahakama ya Juu, katika shauri lililofunguliwa na shirika la Mifumi na kuamuliwa mwaka 2015, ilitamka kwamba kudai kurudishiwa mahari ndoa inapovunjika ni kinyume cha Katiba, kwa kuwa desturi hiyo humbana mwanamke asiweze kutoka. Hukumu hiyo inakubaliana na tulichokiona kwa Naruse: ridhaa ya kuingia haijakamilika pale ambapo hakuna uwezo wa kutoka.

Si nia ya makala hii kuishutumu ndoa ya kupangwa. Filamu zenyewe zinatukataza. Wapo watu wengi, Kibuli na kwingineko, walioonana mara moja au mbili kabla ya nikaha na ambao leo wasingekubali kutenganishwa, na kuwaambia kwamba pendo lao si halali kwa kuwa lilichelewa kuja ni kuwakosea adabu. Tunachokipinga ni mazoea ya kuutumia mwisho mwema kuhalalisha mwanzo usioulizwa. Kwamba mapenzi yalikuja baadaye si ushahidi kwamba ridhaa ilikuwapo kabla. Msimulizi mwepesi huyachanganya hayo mawili, na mshenga mwepesi pia. “Kimya kingi kina mshindo mkuu,” wahenga walisema. Hawakutuambia mshindo huo ni wa nini.

Kutokana na uchambuzi huu tunatoa mapendekezo matatu. La kwanza linahusu ukaguzi na uhifadhi. Sheria ya Mawasiliano ya Uganda ya mwaka 2013 inazitaka kumbi za sinema na maktaba za video ziwe na leseni. Wenye dhamana hiyo wautambue usimulizi kuwa kazi yenye maana yake, tofauti na picha, na nakala za tafsiri za VJ zihifadhiwe. Tokyo ya mwaka 1917 ilimtambua msimulizi ili kumdhibiti. Sisi tunaweza kumtambua ili kumsikiliza na kumhakiki. Sehemu kubwa ya maneno ya benshi imepotea kwa kuwa wengi waliihifadhi picha na kuisahau sauti. Haifai Afrika Mashariki kulirudia kosa hilo.

La pili linahusu usajili wa ndoa. Bibi arusi aulizwe mwenyewe, faraghani, kwa lugha anayoimudu, na jibu lake liandikwe kama alivyolitoa. Pale anaponyamaza, iandikwe kwamba alinyamaza; isiandikwe kwamba alikubali. Utaratibu huu haupingani na haya wala na nafasi ya walii. Unayapa maneno yake hadhi ya kibao cha Sugiko, ambacho msimulizi hawezi kukigeuza bila kuonekana.

La tatu linahusu elimu. Kwa kuwa Baraza la Mawaziri la Uganda liliidhinisha mwezi Julai 2022 Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe shuleni, walimu watahitaji zana. Mandhari ya droo tupu ni zana nafuu, kwani haina lugha ya kigeni ya kuizuia. Wanafunzi wa kike na wa kiume wapewe mandhari hiyo waisimulie kwa Kiswahili, kila mmoja kwa namna yake, kisha wazilinganishe simulizi zao. Watajifunza lugha, na watagundua wao wenyewe jinsi sentensi moja inavyoweza kumpa mtu pendo ambalo hakulisema.

7. Hitimisho

Makala hii imeonyesha kwamba sinema bubu ya Japani iliyaonyesha mapenzi ya ndoani kupitia matendo madogo: viganja vinavyogongana, deni linalobebwa kwa niaba ya mwingine, mwanamke anayeondoka kando ya kitanda. Imeonyesha pia kwamba matendo hayo hayakuifikia hadhira yakiwa peke yake, kwani yalipitia kinywa cha msimulizi, kama posa inavyopitia kinywa cha mshenga. Kampala ya leo inatuwezesha kulielewa hilo vizuri kuliko miji mingi, kwa kuwa msimulizi wake yu hai na anafanya kazi.

Leo miongoni mwa benshi wanaojulikana zaidi nchini Japani ni mwanamke, Sawato Midori, anayezisimulia upya filamu ambazo zamani zilisemewa zaidi na wanaume. Picha hazijabadilika, ila sauti imebadilika, na wanawake wa kwenye pazia wanasikika kwa namna nyingine. Utafiti unaofuata ungefaa kuanzia hapo: kukaa katika vibanda vya Kampala, kurekodi filamu moja ya mapenzi ikisimuliwa na wasimulizi wawili, mwanamume na mwanamke, na kuandika kwa uangalifu kila mmoja wao anasema nini bibi arusi anapoinamisha kichwa.